Damu mpaka hatamu za farasi? Namna ya kuwapima waandishi wa Vita vya Msalaba vya Kwanza

Swali: Katika kikundi chetu cha kusoma historia tumekwama kwenye kuanguka kwa Yerusalemu mwaka 1099. Mmoja wetu anasema waliuawa watu 70,000 ndani ya Al-Aqsa. Mwingine kaleta maneno ya kasisi aliyekuwepo, kwamba damu ilifika kwenye hatamu za farasi. Wa tatu anasema yote hayo ni chumvi tupu na huenda hakukuwa na mauaji makubwa. Kila mmoja ana mwandishi wake wa kale wa kumtetea. Tuwapime vipi waandishi hawa, na tumwamini nani?

Jibu: Ndugu msomaji, mauaji yalikuwepo, na yalikuwa ya kutisha. Wanayasema Wakristo walioyafanya, bila kuona haya, na wanayasema Waislamu na Wayahudi yaliyowafika. Kwa hiyo mwenzenu wa tatu aondoe hoja yake mezani. Lakini "damu mpaka hatamu" si kipimo, na 70,000 haikutokana na mtu kuhesabu maiti. Mnapouliza nani mkweli na nani mwongo mnajifungia njia, maana karibu kila mmoja wa waandishi hawa ni shahidi mzuri wa jambo moja na shahidi mbovu wa jingine. Waulizeni mambo manne: huyu alikuwa amesimama wapi siku ile? Aliandika mwaka gani? Alikuwa chini ya bwana gani? Na alipokaa kuandika, kitabu cha nani kilikuwa wazi mbele yake?

Tuanze na hatamu. Maneno hayo ni ya Raymond wa Aguilers, kasisi katika msafara wa Raymond wa Saint-Gilles, mtawala wa Toulouse. Alikuwepo Yerusalemu tarehe 15 Julai 1099, hilo halina ubishi. Anaandika kwamba katika Hekalu la Suleimani, jina ambalo Wafranki, yaani wapiganaji wa msalaba kutoka Ulaya, waliupa Msikiti wa Al-Aqsa, watu walipita juu ya farasi katika damu iliyofika magotini na kwenye hatamu. Sasa fungueni Biblia, Ufunuo 14:20: shinikizo la ghadhabu ya Mungu linakanyagwa nje ya mji, na damu inatoka mpaka kwenye hatamu za farasi. Raymond hakupima kina cha kitu chochote. Aliwaandikia watu waliosikia Maandiko yakisomwa kila siku, akiwaambia kwamba hukumu iliyotabiriwa imetimia. Mtawa wa karne ya 12 aliitambua aya hiyo papo hapo. Sisi tunaisoma kama ripoti ya polisi.

Mwenye shaka na apige hesabu. Mtu mzima ana takriban lita 5 za damu. Chukueni idadi ya Fulcher wa Chartres, kasisi mwingine wa msafara, ambaye anasema karibu watu 10,000 waliuawa hekaluni, kisha mkubali jambo lisilowezekana, kwamba kila tone lilimwagika. Mnapata lita 50,000, yaani mita za ujazo 50. Jengo la Al-Aqsa la leo lina karibu mita 80 kwa 55, sawa na mita za mraba 4,400. Ukiitandaza damu hiyo sakafuni, kina chake ni sentimita moja na kidogo. Inatosha kulowesha nyayo na kumtia mtu kichaa, lakini haifiki popote karibu na goti la farasi. Mwandishi asiyejulikana wa kitabu kiitwacho Gesta Francorum, ambaye naye alikuwepo, anasema damu ilifika kwenye vifundo vya miguu. Barua iliyotumwa kwa Papa Septemba 1099 kwa jina la viongozi wa msafara inasema magoti ya farasi. Damu ni ileile, vina ni vitatu, na anayesema kina kidogo zaidi ndiye ambaye wengi humdhani kuwa askari.

Idadi ya 70,000 inatoka kwa Ibn al-Athir, aliyezaliwa mwaka 1160 na kufariki mwaka 1233. Ni mwanahistoria mkubwa, lakini aliandika zaidi ya miaka mia baada ya tukio, wakati ambapo kisa cha Yerusalemu kilikuwa kimekwisha kuwa wito wa jihadi. Ipimeni kwa njia ileile. Watu 70,000 ndani ya jengo la mita za mraba 4,400 ni kama watu 16 kwenye kila mita moja ya mraba, na hilo haliwezekani hata wakiwa wamesimama wamebanana. Mtu anaweza kujibu kwamba Al-Aqsa hapa ni eneo lote la Haram, karibu mita za mraba 140,000. Sawa, hapo watu wanaenea. Ila mji wote ulio ndani ya kuta haufiki kilomita moja ya mraba, na ulikuwa umezingirwa tangu tarehe 7 Juni. Cha kuchekesha kidogo ni kwamba katika ukurasa huohuo Ibn al-Athir anataja taa za fedha zilizoporwa, zaidi ya 40, kila moja ya dirhamu 3,600. Hiyo inanukia daftari la mali ya msikiti. Ile ya watu hainukii daftari lolote.

Kabla yake yuko Ibn al-Qalanisi wa Dameski, aliyefariki mwaka 1160, karibu zaidi na tukio kwa wakati na kwa mahali. Yeye hatoi 70,000. Anasema waliuawa watu wengi, na kwamba Wayahudi walikusanyika katika sinagogi lao, likachomwa juu yao. Na yuko Abu Bakr Ibn al-Arabi, mwanachuoni wa Andalusia aliyesoma Yerusalemu miaka michache tu kabla ya Wafranki kufika, akaondoka mji ungali salama. Alikuwa anawajua walimu na wacha Mungu wa pale kwa sura na majina. Yeye anataja 3,000 katika Al-Aqsa. Mkinilazimisha kuchagua idadi moja ya kuanzia mazungumzo, nachukua hiyo, kwa kuwa mtu aliyeuawa rafiki zake hana sababu ya kupunguza.

Upande wa Wayahudi tuna ushahidi wa aina nyingine kabisa, nao ndio naupenda kuliko yote, kwa sababu haukuandikwa ili sisi tuusome. Katika Geniza ya Kairo, chumba cha sinagogi la Fustat kilichojaa karatasi kuukuu, zimepatikana barua za miaka hiyo. Moja ni ya wazee wa Kikaraimu, dhehebu la Kiyahudi, wa Askalon, ya mwaka 1100 hivi, inayoomba fedha za kuwakomboa mateka na vitabu vilivyochukuliwa Yerusalemu. Barua ya madeni na michango haina shida ya kumfurahisha mfalme wala kutimiza unabii. Na inatuambia jambo ambalo waandishi wa Kilatini wanalisema nusunusu: si kila mtu aliuawa. Wapo waliotekwa na kuuzwa. Wapo pia askari wa Kifatimi, yaani wa watawala wa Misri walioulinda mji, waliokuwa katika ngome ya Mnara wa Daudi na amiri wao Iftikhar al-Dawla, ambao yule kabaila wa Toulouse aliwaacha watoke kwenda Askalon kwa makubaliano.

Kisa cha bendera za Tancred, kiongozi wa Kinorman katika msafara, kisomeni polepole. Gesta inasema kundi la watu lilipanda juu ya paa la hekalu, na Tancred pamoja na Gaston wa Béarn wakawapa bendera zao, alama kwamba watu hao wako chini ya ulinzi wao na ni mateka wao. Asubuhi yake Wafranki wengine wakapanda na kuwachinja wanaume kwa wanawake, Tancred akakasirika sana. Albert wa Aachen anaongeza kwamba siku ya tatu viongozi walikaa wakaamua kuwaua waliosalia, kwa hofu kwamba jeshi la Misri likija mateka watageuka. Albert hakuwahi kukanyaga Mashariki. Alikusanya habari kwa waliorudi, na hakuitegemea Gesta. Ndiyo maana wanahistoria wanamsikiliza. Jambo hili huwashangaza wengi: mtu asiyekuwepo anaweza kuwa shahidi bora kuliko aliyekuwepo, mradi habari zake zina mkondo wake mwenyewe.

Hapo tumefika kwenye kosa linaloharibu mijadala mingi. Mtu anasema, "Waandishi sita wanathibitisha." Wachoreeni ukoo wao kwanza. Gesta Francorum iliandikwa na mtu wa msafara wa Bohemond, Mnorman wa kusini mwa Italia, na inaishia kwenye pigano la Askalon la tarehe 12 Agosti 1099. Ilisambaa haraka. Kasisi Peter Tudebode ana kitabu kinachofanana nayo karibu neno kwa neno, na wataalamu bado wanabishana nani alimnakili nani. Kisha, takriban kati ya mwaka 1105 na 1110, wasomi watatu wa kaskazini mwa Ufaransa waliichukua wakaiandika upya kwa Kilatini kizuri zaidi: Robert Mtawa wa Reims, Baldric wa Bourgueil aliyekuja kuwa askofu wa Dol, na Guibert wa Nogent. Robert anasema wazi kwamba abati wake alimwonyesha kitabu ambacho lugha yake ni chafu na hakina habari za Mtaguso wa Clermont, mkutano wa kanisa ambapo Papa Urban II aliitisha vita hivi, akamwamuru akitengeneze. Kwa hiyo vitabu vitano vinavyosimulia pigano moja kwa mpangilio mmoja vinaweza kuwa shahidi mmoja aliyebadilisha kanzu mara tano. Hata Raymond na Fulcher waliitazama Gesta katika sehemu fulani. Anapotofautiana nayo mmoja wao, hapo ndipo pa kusimama na kusoma kwa makini. Anapokubaliana nayo kwa maneno yaleyale, hesabuni moja tu.

Kwa vitendo, fanyeni hivi. Chukueni tukio moja dogo, tuseme kuingia ukutani tarehe 15 Julai. Gawanyeni karatasi katika safu nne: Gesta, Raymond, Fulcher, Albert. Andikeni chini ya kila jina vitenzi na majina ya watu tu, mkiacha sifa na dua. Kisha pigeni mstari chini ya kila kitu kinachopatikana katika safu moja peke yake. Huko kwenye mistari ndiko ziliko habari za kweli za mwandishi huyo, na huko ndiko uliko pia uongo wake. Robert, Baldric na Guibert msiwape safu. Watumieni mnapotaka kujua watu wa Ufaransa ya mwaka 1108 walitaka vita hivi viwe na maana gani. Kwa hilo ni dhahabu.

Mahali alipokuwa mwandishi hubadilika ndani ya kitabu kimoja. Fulcher ndiye mfano. Aliondoka na msafara wa kaskazini, akaona Konstantinopoli na Nikea kwa macho yake, halafu Oktoba 1097 akajitenga pamoja na bwana wake Baldwin kwenda Edessa. Hakuwepo Antiokia wala hakuwepo Yerusalemu ilipoanguka. Wale "karibu 10,000" tuliowatumia juu ni habari aliyopewa. Lakini Desemba 1099 alifika Yerusalemu na Baldwin, na hapo anaandika kitu ambacho hakuna aliyekihitaji kwa utukufu wowote: miezi mitano baada ya mauaji, maiti zilikuwa bado zinaoza ndani na nje ya kuta, na uvundo uliwafanya wazibe pua na midomo. Ningeibadilisha hatamu ya Raymond kwa sentensi hiyo moja bila kufikiri mara mbili.

Bwana wa mwandishi naye ana uzito wake, na hakuna panapoonekana wazi kama kwenye Mkuki Mtakatifu. Tarehe 14 Juni 1098, Wafranki wakiwa wamezingirwa ndani ya Antiokia na njaa inawamaliza, mtu fukara wa Provence aitwaye Peter Bartholomew alisema Mtume Andrea amemwonyesha mahali ulipozikwa mkuki uliomchoma Yesu ubavuni. Wakachimba katika kanisa la Mtakatifu Petro kutwa nzima, mwishowe Peter akaruka shimoni mwenyewe. Raymond wa Aguilers anasema alikuwepo, akaubusu mkuki ncha yake ikiwa imetokeza tu udongoni. Mkuki ukawa mali ya kabaila wa Toulouse, yaani bwana wake Raymond, naye alikuwa akishindana na Bohemond juu ya nani aimiliki Antiokia. Mnaona inakoelekea. Askofu Adhemar wa Le Puy, mjumbe wa Papa, hakuusadiki sana. Alipofariki tarehe 1 Agosti, Peter akaota kwamba askofu ameonja moto kwa sababu ya shaka yake. Mwaka uliofuata, tarehe 8 Aprili 1099 huko Arqa, Peter alikubali kujaribiwa kwa moto. Yalipangwa marundo mawili ya matawi makavu ya mzeituni, yenye kimo cha futi 4 na nafasi ya kama futi moja katikati, akapita akiwa na mkuki. Akafa siku 12 baadaye.

Raymond anasema moto haukumuua: umati ulimrukia ukitafuta vipande vya nguo yake, ukamvunja mifupa. Fulcher, ambaye hakuwepo, anasema aliungua akafa, na watu wakavunjika moyo. Ralph wa Caen, aliyemtumikia Tancred na kuandika habari zake, na aliyefika Mashariki mwaka 1107, anamfanya Peter kuwa laghai tangu mwanzo. Msihangaike kutafuta wastani wa hawa watatu. Andikeni wanachokubaliana wakiwa maadui: jaribio lilifanyika, Peter akafa baada yake, na kambi ikagawanyika. Mengine yote yanafuata mpaka wa mahema ya Toulouse na mahema ya Wanorman.

Kuhusu hesabu za majeshi nitakuwa mfupi, kwa kuwa kanuni yake ni rahisi. Fulcher anasema penye Nikea palikuwa na watu 600,000 wa kupigana, 100,000 kati yao wenye dirii na chapeo. Wanahistoria wengi wa leo huweka msafara mzima, pamoja na wanawake, watumishi na mahujaji wasio na silaha, katika makumi ya maelfu, mara nyingi 50,000 hadi 60,000. Guibert mwenyewe, mtu wa zama zilezile, alimkosoa Fulcher kwa kuzidisha. Lakini Raymond anaposema mbele ya Yerusalemu walibaki wapiganaji 12,000, na kati yao wapanda farasi 1,200 au 1,300, msikilizeni. Farasi walihesabiwa, kwa sababu walilishwa, walilipiwa na walikufa. Mahali hapohapo anawapa maadui 60,000. Hapo ameacha kuhesabu, anahubiri.

Mkitaka kujua hesabu ya kweli inavyoonekana katika kitabu cha vita hivi, rukeni miaka mia mpaka kwa Geoffrey wa Villehardouin, mwandishi wa Vita vya Msalaba vya Nne, na mkataba wa kusafirisha jeshi aliofanya na Venice mwaka 1201. Wapanda farasi 4,500 na farasi wao, wahudumu wao 9,000, askari wa miguu 20,000. Marki 2 za fedha kwa kila mtu na 4 kwa kila farasi. Watu 33,500 mara 2 ni 67,000. Farasi 4,500 mara 4 ni 18,000. Jumla 85,000, na ndiyo jumla anayoitaja. Namba zinazojumlika zilitoka kwenye mkataba. Namba zinazoishia na sifuri nyingi na hazijumliki na kitu zilitoka mdomoni.

Najua swali lenu linalofuata litakuwa hotuba ya Papa Urban II ya tarehe 27 Novemba 1095, kwa hiyo acheni nilijibu kabisa. Fulcher, ambaye huenda alikuwepo Clermont na aliyeanza kuandika mapema, anatoa hotuba ndefu juu ya kuwasaidia Wakristo wa Mashariki, na Yerusalemu haimo. Robert Mtawa, aliyeandika zaidi ya miaka kumi baadaye na kusema kwamba alikuwepo, ameijaza Yerusalemu tele, kitovu cha dunia, na umati unapaza sauti kwamba Mungu apenda. Kanuni ya kawaida ingesema tumwamini Fulcher. Hapa kanuni inawaangusha. Azimio la mtaguso lenyewe linataja safari ya kulikomboa kanisa la Mungu Yerusalemu, anayekwenda kwa ibada peke yake, si kwa heshima wala fedha, safari hiyo ihesabiwe kuwa toba yake yote. Barua ya Urban kwa watu wa Flanders, ya muda mfupi baada ya mtaguso, nayo inautaja mji mtakatifu. Kwa hiyo Yerusalemu ilikuwemo tangu mwanzo, na kimya cha Fulcher hakithibitishi kitu. Lakini maneno yaliyo kwenye alama za kunukuu katika kitabu cha Robert ni ya Robert. Waandishi wa zama hizo walifunzwa kutunga hotuba inayofaa tukio, na hakuna msomaji wao aliyedhani anasoma maneno yaliyonakiliwa yakitamkwa.

Barua za waliokuwa njiani zipeni nafasi ya juu kuliko vitabu vyote, kwa sababu mwandishi wa barua hajui mwisho. Stephen wa Blois alimwandikia mkewe Adela kutoka Nikea mwaka 1097 kwamba baada ya wiki tano watakuwa Yerusalemu, isipokuwa Antiokia iwazuie. Ilichukua miaka miwili. Yeye mwenyewe alikimbia Antiokia siku moja tu kabla mji haujaingia mikononi mwa wenzake Juni 1098, na vitabu vyote baada ya hapo vinamsoma kama mwoga tangu alipotoka nyumbani. Barua zake zinaonyesha mtu tofauti, mwenye furaha na fedha, aliyeaminiwa na wenzake.

Kama kikundini kuna anayesoma Kiarabu, apewe Ibn al-Qalanisi kwanza na Ibn al-Athir baadaye, na wakati wote aweke alama pale wa pili anapoongeza kitu ambacho wa kwanza hana. Wengine waanze na Gesta, ambayo ni fupi na inasomeka kwa siku mbili tatu, kisha Fulcher, kisha Raymond, ambaye msimsome bila Biblia pembeni. William wa Tyre muwekeni mwisho. Anaandika vizuri kuliko wote na alizaliwa Yerusalemu kwenyewe, lakini alianza kuandika miaka ya 1170, na kwa vita vya kwanza alikuwa, kama ninyi, na rundo la vitabu vya watu wengine mezani.